Sauti na sikio: tumfundishe mtoto, tumtambue asiyesikia

Maneno yaliyosemwa na walimu wa sayansi wa shule za msingi mbele ya Kamati, wazazi na wanafunzi, katika kuadhimisha Siku ya Mtoto wa Afrika, tarehe 16 Juni

Tunaishukuru Kamati kwa kutupa nafasi hii, na kwa kukubali kwamba maneno yetu yachapwe katika kijarida cha kumbukumbu, ili na wale waliokwenda kwenye mgao leo wapate kuyasoma.

Siku hii ina historia yake. Tarehe 16 Juni 1976 wanafunzi wa Soweto, nchini Afrika ya Kusini, waliandamana barabarani kwa sababu serikali ya wakati ule ilitaka wafundishwe masomo yao kwa lugha ya Kiafrikaans, lugha ambayo wengi wao hawakuielewa vema. Walipigwa risasi, na wengi wakafa. Tangu mwaka 1991 Umoja wa Nchi Huru za Afrika uliiweka tarehe hiyo kuwa ya kumkumbuka mtoto wa bara letu. Kwa hiyo chanzo cha siku hii ni jambo la darasani kabisa: watoto walidai haki ya kuelewa maneno yanayotoka kinywani mwa mwalimu.

Sisi walimu tumeliwaza jambo hilo, tukaona ya kuwa katika madarasa yetu wamo watoto ambao hakuna lugha inayowafikia sawasawa, si Kifaransa, si Kiswahili, si Kibembe wala Kifuliiru, kwa sababu masikio yao ni mgonjwa na hakuna aliyegundua. Kamati ilitutaka tueleze jinsi sayansi inavyoweza kufundishwa mahali pasipo na vyombo vya maabara. Tumechagua somo la sauti na kusikia kwa sababu mbili. Kwanza, vyombo vyake vyote tunavyo: mikono, midomo, makopo na kamba. Pili, somo hili likifundishwa vizuri linaweza kumwokoa mtoto.

I. SAUTI NI KITU KINACHOTETEMEKA

Ninyi watoto, wekeni vidole kooni, kisha imbeni "aaaa" kwa nguvu. Mnaona? Koo linatetemeka chini ya vidole. Nyamazeni. Mtetemo umekwisha, na sauti imekwisha. Hilo ndilo fundisho la kwanza, na yote yanayofuata yanatoka hapo: kila sauti inatokana na kitu kinachotetemeka. Mtetemo ukikoma, sauti nayo inakoma.

Mwalimu anayetaka kuwaonyesha watoto mtetemo kwa macho atafute kopo la nyanya lililo wazi upande mmoja, na kipande cha mfuko wa plastiki. Avute plastiki juu ya mdomo wa kopo mpaka ikaze kama ngozi ya ngoma, aifunge kwa mpira wa baiskeli, kisha anyunyize juu yake chembe chache za chumvi au mchanga mkavu. Halafu mtoto mmoja apige sufuria kwa nguvu karibu na kopo hilo, bila kuligusa. Chembe zitaruka. Hapo watoto wenyewe watauliza: nani amezirusha, maana hakuna mkono uliogusa? Jibu ni kwamba hewa ndiyo iliyobeba mtetemo kutoka kwenye sufuria mpaka kwenye plastiki. Tunaomba walimu wenzetu walikumbuke kopo hili, maana tutalirudia tutakapofika kwenye sikio.

II. JINSI SAUTI INAVYOSAFIRI

Hewa haitoki kwenye sufuria na kwenda mpaka kwenye kopo. Inasukumana tu mahali pake. Panga watoto 10 kwenye mstari, kila mmoja ashike mabega ya aliye mbele yake, kisha msukume kidogo yule wa nyuma. Msukumo utafika kwa wa mbele, lakini kila mtoto atabaki mahali alipokuwa. Hivyo ndivyo wimbi la sauti linavyopita hewani.

Ikiwa hapana kitu cha kusukumana, basi sauti haipiti. Mwaka 1660 mtaalamu wa Uingereza aliyeitwa Robert Boyle aliandika habari za majaribio aliyofanya kwa pampu iliyovuta hewa kutoka katika chombo cha kioo. Ndani yake alitundika saa ya mfukoni. Hewa ilivyozidi kutolewa, mlio wa saa ulizidi kufifia, ingawa saa yenyewe ilionekana ikienda. Ndiyo sababu hata jua, pamoja na moto wake mkubwa, hatusikii mngurumo wake: kati yake na sisi hakuna hewa ya kubeba sauti. Nuru inapita mahali patupu, sauti haipiti.

Katika vitu vigumu sauti inapita vizuri kuliko hewani. Watoto wanaijua simu ya makopo mawili na kamba. Toboa kila kopo chini, pitisha kamba, funga fundo ndani, kisha watoto wawili wasimame mbali mpaka kamba ikaze. Mmoja aseme ndani ya kopo lake, mwingine aweke sikio kwenye la kwake. Kamba ikilegea hawasikizani tena, kwa sababu kamba iliyolegea haibebi mtetemo. Mwalimu asiishie kwenye mchezo. Awaulize: kamba ikigusa mti katikati, itakuwaje? Wajaribu wenyewe.

Na majini je? Sisi tuliozaliwa kando ya Ziwa Tanganyika, kuanzia Uvira mpaka Fizi, tunajua kwamba mtu akizama chini ya maji anasikia injini ya mtumbwi ulio mbali. Mwaka 1826 wataalamu wawili, Colladon na Sturm, walipima jambo hilo katika Ziwa la Geneva, kule Uswisi. Mmoja alipiga kengele iliyozamishwa majini, na wakati huohuo baruti iliwashwa juu ili mwenzake aliye mbali usiku ule aone mwanga. Huyo wa pili alisubiri sauti kwa mrija uliotumbukizwa majini, akahesabu muda uliopita kati ya mwanga na sauti. Wakapata kwamba sauti hukimbia majini kiasi cha mita 1,435 kwa kila sekunde. Hewani mwendo wake ni mita 340 hivi kwa sekunde. Kwa hiyo majini inakwenda mara nne na zaidi ya hewani.

Hesabu kama hiyo ya Colladon na Sturm hata sisi twaweza kuifanya hapa kambini. Chukueni kamba ya mita 20, mpime nayo barabara iliyonyooka mara 17. Mtapata mita 340. Mtoto mmoja asimame mwanzo na sufuria na fimbo, ainue fimbo juu sana ili wote waione, kisha apige. Walio upande wa pili wataona fimbo inashuka, watahesabu "moja" polepole, ndipo watasikia mlio. Sekunde moja nzima. Kisha apige taratibu, halafu kwa nguvu. Watagundua kwamba sauti kubwa na sauti ndogo hufika kwa muda uleule, maana ukubwa wa sauti hauiongezei mbio.

Kwa hesabu hiyohiyo twaweza kujua radi iko umbali gani. Ukiona umeme, anza kuhesabu sekunde mpaka usikie ngurumo. Kila sekunde 3 ni kama kilometa moja. Ukifikia 9, imepiga umbali wa kilometa 3. Lakini, watoto, hesabu hiyo ifanyieni ndani ya nyumba, si chini ya mti.

Mwangwi nao ni sauti iliyogonga mlima au ukuta ikarudi. Ili sikio lipate kuutenga mwangwi na sauti ya kwanza, unatakiwa upite muda wa sehemu moja ya kumi ya sekunde. Kwa hiyo ukuta uwe umbali wa mita 17 au zaidi: mita 17 za kwenda na 17 za kurudi. Ukuta ukiwa karibu zaidi, kama katika darasa lenye bati juu na tofali pande zote, sauti hurudi upesi na kuchanganyika na ile inayotoka mdomoni. Maneno yanakuwa kama uji. Jambo hili tutalirudia pia.

III. SAUTI NENE, SAUTI NYEMBAMBA

Mitetemo mingi kwa sekunde inatoa sauti nyembamba, na mitetemo michache inatoa sauti nene. Likembe inatufundisha hilo bila kitabu: ulimi mfupi wa chuma unatetemeka upesi na kulia kwa sauti ya juu, ulimi mrefu unalia kwa sauti ya chini. Idadi ya mitetemo kwa sekunde inahesabiwa kwa kipimo kinachoitwa hezi, kwa kumkumbuka Mjerumani Heinrich Hertz. Sikio la kijana mwenye afya linasikia kuanzia hezi 20 mpaka hezi 20,000. Popo hutoa mlio unaopita kiwango hicho, nao hutumia mwangwi wake kumkamata mdudu gizani. Tembo nao huitana kwa sauti nene sana ambazo sisi hatuzisikii.

Kuna wazee wa nchi yetu waliokuwa mafundi wa elimu hii kabla ya shule kufika. Walokele, wanaokaa kando ya Mto Kongo upande wa Kisangani, walituma habari kwa ngoma ya mti inayoitwa lokole, yenye sauti mbili, ya juu na ya chini. Mmisionari John Carrington, aliyefanya kazi kwao kule Yakusu, aliandika kitabu kuhusu ngoma hizo mwaka 1949. Alieleza kwamba ngoma haisemi silabi, inafuata tu kupanda na kushuka kwa sauti za lugha. Sasa, maneno mengi yanapanda na kushuka kwa namna moja. Mpiga ngoma akipiga neno moja tu, msikilizaji aliye mbali hawezi kujua ni lipi. Kwa hiyo mpigaji hupiga msemo mrefu mahali pa neno moja. Neno lililopotea njiani hutambuliwa kwa wenzake waliofika.

Walimu wenzetu, hapo tuna somo kubwa. Mtoto ambaye hakusikia neno, usimrudishie neno hilohilo kwa ukali mara tano. Mpe sentensi nzima. Usipige kelele "mizizi! mizizi!". Sema, "ile sehemu ya mti iliyo chini ya udongo, inayonywa maji, ndiyo mizizi." Mtu wa lokole alilijua jambo hili.

IV. SAFARI YA SAUTI NDANI YA SIKIO

Sikio tunaloliona ni mlango tu. Linakusanya sauti na kuiingiza kwenye njia fupi yenye nta. Nta hiyo si uchafu. Ni mlinzi anayenasa vumbi na wadudu, nayo hutoka nje yenyewe polepole.

Mwisho wa njia ile kuna kiwambo, yaani ngozi nyembamba iliyokazwa. Hapa sasa mkumbuke kopo letu lenye plastiki na chumvi. Kiwambo ndicho plastiki ile. Hewa ikitetemeka, nacho kinatetemeka. Nyuma yake kuna chumba kidogo chenye hewa na mifupa mitatu iliyoshikana, ambayo huitwa nyundo, fuawe na kikuku kwa jinsi ilivyo. Kikuku ndicho mfupa mdogo kuliko yote mwilini. Urefu wake ni kama milimeta 3. Mifupa hii inapokea mtetemo wa kiwambo na kuusukuma kwa nguvu zaidi kwenye dirisha dogo la sikio la ndani.

Sikio la ndani ni mrija uliojiviringa kama nyumba ya konokono, uliojaa maji. Maji yakitikisika, yanainamisha vinyweleo vidogo sana visivyoonekana kwa macho, navyo vinapeleka habari kwenye ubongo kwa njia ya mishipa ya fahamu. Vinyweleo vya mwanzo wa konokono vinapokea sauti nyembamba, vya mwishoni vinapokea sauti nene. Mtaalamu aliyeonyesha jinsi mawimbi yanavyopita humo, Georg von Békésy, alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1961. Mtoto huzaliwa na chembe za namna hiyo kama 15,000 katika kila sikio. Ni akiba ya maisha yote. Ndege chembe zake zikifa huota nyingine. Binadamu zikifa hazioti tena.

Mtaona basi kwamba sikio linaweza kuharibika mahali pawili. Likiharibika upande wa nje au kwenye chumba cha katikati, mara nyingi linatibika. Likiharibika kwenye konokono, linatakiwa lilindwe mapema, maana baadaye hakuna dawa ya kurudisha kilichokufa.

V. MAADUI WA SIKIO KATIKA MAISHA YETU

Adui wa kwanza ni usaha. Kutoka chumba cha katikati cha sikio kuna mrija mdogo unaoteremka mpaka nyuma ya pua na koo. Kwa mtoto mrija huo ni mfupi na umelala karibu sawa, haukuinama kama wa mtu mzima. Kwa hiyo mafua ya mtoto hupanda sikioni kwa urahisi. Maji yanajaa, yanageuka usaha, kiwambo kinatoboka, na usaha unatoka nje. Wazazi wengi husema, "Ni masikio ya utoto, yatakwisha." Usaha unaotoka wiki mbili na kuendelea si mambo ya utoto. Ni ugonjwa unaokula kiwambo na ile mifupa mitatu, na hatimaye waweza kufika mpaka kwenye ubongo.

Mama, mtoto wako akitoka usaha, mpeleke kituo cha afya. Wakati wa kumtunza, sokota kitambaa safi kiwe kama utambi, kiweke sikioni, kikilowa ukitoe na uweke kingine, mpaka sikio likauke. Fanya hivyo mara tatu kwa siku. Usimwage ndani mafuta ya moto, wala maziwa, wala maji ya majani. Na ukiona uvimbe wenye maumivu nyuma ya sikio, usingoje kesho.

Adui wa pili ni kile kijiti cha kiberiti, unyoya wa kuku na kifuniko cha kalamu. Vinasukuma nta ndani na kutoboa kiwambo. Kitu kilicho chembamba kuliko kidole chako hakina kazi sikioni. Tena watoto wadogo wanapenda kutia maharage na punje za mahindi sikioni. Mtoto akitia, msilichokoe wala kumwaga maji, maana haragwe likinywa maji linavimba. Nendeni kwa muganga.

Adui wa tatu ni magonjwa: surua, matubwitubwi, uti wa mgongo, na ile rubela inayompata mama mwenye mimba changa na kumdhuru mtoto tumboni. Mengi ya haya yana chanjo. Siku ya chanjo ikitangazwa kambini, mzazi ajue kwamba analinda hata masikio. Kuna dawa pia zinazoweza kuua chembe za konokono, kama sindano za streptomisini na jentamisini zikitumiwa bila uangalizi. Tusinunue sindano sokoni.

Adui wa nne tunamjua sisi kuliko wengi. Sauti hupimwa kwa kipimo cha desibeli. Watu wanaozungumza kwa utulivu wana desibeli 60 hivi. Shirika la Afya Duniani linashauri kwamba mtu asikae kwenye sauti ya desibeli 80 zaidi ya saa 40 kwa wiki. Mlio wa bunduki karibu na sikio unapita desibeli 140. Mlio wa namna hiyo, hata mara moja tu, unaweza kulaza vile vinyweleo kama upepo unavyolaza mahindi, na vingine visiinuke tena. Tuliokimbia vita tulitazama majeraha ya damu, tukayafunga. Jeraha la sikio halitoi damu siku zote. Kuna mtu mzima kati yetu anayesikia mlio kama wa nyenje usiku na mchana tangu bomu lilipoanguka karibu naye, na jirani zake wanasema ana roho mbaya kwa sababu haitiki salamu. Huyo si mwenye roho mbaya. Ni majeruhi.

VI. MTOTO "MKAIDI"

Tunamkumbuka mtoto mmoja wa kiume, ambaye jina lake hatulitaji. Alirudia darasa la pili. Alikaa nyuma kabisa, karibu na ukuta. Akiitwa haitiki, akipewa imla anaandika mwanzo wa mstari tu, halafu anachungulia kwa mwenzake. Aliitwa mkaidi, aliitwa mvivu, fimbo alizijua. Nyumbani babu yake alisema ametupiwa jambo. Siku moja katika somo hili la sauti tuliwaambia watoto wafumbe macho na kuinua mkono kila wasikiapo makofi, huku mwalimu akirudi nyuma hatua kwa hatua. Mikono yote iliinuka, ule wake haukuinuka. Kituoni walikuta usaha masikio yote mawili na viwambo vimetoboka. Alitibiwa kwa majuma mengi, akahamishiwa benchi la mbele, upande wa sikio lililo afadhali. Hakugeuka kuwa wa kwanza darasani. Lakini mwaka ule alipanda darasa, na siku hizi anaitika jina lake.

Shirika la Afya Duniani, katika taarifa yake ya mwaka 2021, linakadiria kwamba watu zaidi ya milioni 430 duniani wana upungufu mkubwa wa kusikia unaohitaji msaada, na kwamba kwa watoto, visa 60 katika kila 100 vingeweza kuzuiliwa. Sisi hatuna hesabu ya kambi yetu, kwa sababu haijawahi kufanywa shuleni kwetu. Ndiyo maana tunaomba ianze.

Dalili ni hizi: mtoto wa miezi sita asiyegeuka asikiapo sauti ya mama, mtoto wa mwaka na zaidi asiyejaribu neno lolote, mwanafunzi anayetazama sana mdomo wa mwalimu, anayegeuza sikio moja, anayesema "eeh?" kila mara, anayeitika siku nyingine na siku nyingine haitiki, au anayezungumza kwa sauti kubwa kuliko wenzake. Kumbukeni tena kwamba darasani tunafundisha kwa lugha ambayo si ya nyumbani. Mtoto akikosa herufi mbili za neno la Kibembe, anaweza kubahatisha. Akikosa herufi mbili za neno la Kifaransa analolisikia kwa mara ya kwanza, hana pa kushika.

Kipimo cha kwanza hakina gharama. Mwalimu asimame nyuma ya mtoto, umbali wa mkono mmoja, ili mdomo usionekane. Mtoto azibe sikio moja kwa kidole. Mwalimu atoe pumzi, kisha anong'one namba tatu kwa lugha ya nyumbani, mtoto arudie. Kisha sikio la pili na namba nyingine. Anayeshindwa mara mbili tumpeleke kituo cha afya. Kipimo hiki hakitaji ugonjwa. Kazi yake ni kutuambia nani atangulie kwa muganga.

Na yule ambaye sikio lake halitapona? Huyo ni mtoto wa shule kama wengine. Andrew Foster, Mmarekani mweusi, aliugua uti wa mgongo akiwa na miaka 11, akawa kiziwi. Alisoma mpaka akapata shahada, akaja Afrika, na mwaka 1957 akaanzisha shule ya viziwi nchini Ghana. Kabla hajafa kwa ajali ya ndege nchini Rwanda mwaka 1987, alikuwa ameanzisha shule zaidi ya 30 katika bara letu, pamoja na nchi yetu. Kiziwi mmoja amefungua shule zaidi ya 30! Basi mzazi asimfiche ndani mtoto asiyesikia, akidhani hana akili. Akili haikai sikioni. Lugha ya alama ni lugha kamili, na mtoto anayeipata mapema anapata mlango wa elimu.

VII. MAOMBI YETU

Kwa walimu wenzetu: mwanzo wa kila mwaka tupime kwa mnong'ono madarasa ya kwanza na ya pili. Wasiosikia vema wakae mbele. Tuseme tukiwatazama watoto, tusifundishe tukiwa tumeelekea ubao. Wataalamu wanasema sauti ya mwalimu iipite kelele ya darasa kwa desibeli 15. Katika darasa la watoto 100 jambo hilo haliwezekani kwa kupayuka. Tutapata kikohozi tu. Tunaweza kupunguza kelele. Mvua ikipiga bati, tuandike ubaoni, tuchore, watoto wanakili, maelezo yangoje.

Kwa wazazi: usaha wa sikio tuuone kama tunavyoiona homa. Mtoto asiyeitika tumpime kabla ya kumpiga. Tena tunawaomba mikeka iliyochakaa na magunia yasiyo na kazi. Tukivitundika kwenye kuta na chini ya bati, vitameza mwangwi ule unaogeuza maneno kuwa uji, maana kitu laini kinanyamazisha sauti, kitu kigumu kinairudisha.

Kwa Kamati: tunaomba mambo matatu. Kwanza, muafikiane na kituo cha afya iwepo siku moja katika kila muhula ya kutazama masikio ya watoto waliotambuliwa na walimu. Pili, kwa wale wasioweza kupona, muulizie kwa mashirika yanayotuhudumia habari za vifaa vya kusikia na walimu wa lugha ya alama. Tatu, vipaza sauti vya baa na vya makanisa vilivyo karibu na shule vinyamaze saa za masomo. Hatumgombezi mtu yeyote. Tunaomba kwa adabu, na tunajua Kamati ina njia zake za kusema na wahusika.

Kwa ninyi wanafunzi: nendeni nyumbani mkatengeneze simu ya makopo, mwafundishe wadogo zenu. Na ukimwona mwenzako asiyeitika, usimcheke. Mguse bega, asimame mbele yako, umwambie tena polepole.

Vile tulivyovuka mpaka tuliacha nyumba, mashamba na mitumbwi. Elimu ndiyo mali tunayoweza kumpa mtoto ambayo hataiacha njiani akikimbia. Sehemu kubwa ya mali hiyo inaingia kwa mlango mdogo wenye ngozi nyembamba na mifupa mitatu. Tuulinde mlango huo, na yule ambaye mlango wake umefungika tumfungulie mwingine.